Kuchunguza Mifupa ya Binadamu kwa Kesi za Jinai: Mwongozo Kamili Kutoka Ardhini hadi Ripoti

Mfupa hausomwi mara mbili ukiwa katika hali ileile. Ukishatolewa shimoni, namna ulivyolala imepotea, isipokuwa kile kilichopigwa picha na kuchorwa. Ukishaoshwa, udongo na mabaki ya wadudu yamekwenda na maji. Ukishakatwa kwa ajili ya DNA, kipande kile hakirudi. Kwa hiyo mwanaanthropolojia wa jinai, yaani mtaalamu anayesoma mifupa ya binadamu kwa ajili ya kesi, anahitaji mpangilio kabla hajahitaji kitu kingine chochote, na makosa mengi yanayoharibu kesi hutokana na kufanya la tatu kabla ya la pili.

Tena, kila seti ya mifupa ina familia inayosubiri jibu. Ukiandika kwamba marehemu alikuwa na umri wa miaka 25 hadi 30 wakati mfupa wenyewe unakuruhusu kusema 21 hadi 46 tu, mtu wa miaka 38 ataondolewa kwenye orodha ya waliopotea na huenda jina lake lisiangaliwe tena. Upana wa makadirio si jambo la kuonea haya. Tutalirudia hili kwenye umri na kwenye kimo, maana ndipo wengi wanapoteleza.

Maswali matatu ya kwanza

Je, ni mfupa? Mizizi mikavu, mawe na plastiki iliyoungua hudanganya macho. Tumia kioo cha kukuzia: mfupa una ganda gumu nje na sehemu yenye vitundu ndani, na juu yake kuna matundu madogo ya kupitisha mishipa ya damu.

Je, ni wa binadamu? Hapa tazama umbo kwanza, kisha ukomavu. Mfupa mdogo ambao ncha zake zimeshaungana kabisa na shina lake ni wa mnyama mdogo aliyekomaa. Mfupa wa mtoto wenye ukubwa huohuo utakuwa na miisho yenye mikunjo na mawimbi, kwa kuwa ncha za ukuaji bado hazijaungana. Kanuni hii peke yake hutatua sehemu kubwa ya mifupa inayoletwa na raia wema. Jihadhari na vipande vya gamba la kobe, ambavyo hufanana na vipande vya fuvu, na nyayo za dubu zilizochunwa, ambazo mifupa yake inakaribiana sana na ya mkono au mguu wa mtu. Wanyama wenye kwato kwa kawaida mifupa yao miwili ya mkono wa mbele imeungana. Ya binadamu hukaa mbalimbali.

Je, ni ya kipindi kinachohusu polisi? Kuziba kwa meno, chuma cha upasuaji, zipu na harufu ya mafuta ni dalili za upya. Misumari ya jeneza au mfupa mwepesi unaonata ukigusishwa ulimi (jaribio la zamani, usilifanye) huashiria ukale. Lakini usikate shauri haraka. Mwaka 1977 huko Tennessee, Marekani, mwanaanthropolojia William Bass aliitwa kuchunguza mwili uliokutwa kwenye kaburi lililovurugwa, naye akakadiria kwamba mtu huyo alikufa muda usiozidi mwaka mmoja. Ulikuwa mwili wa Kanali William Shy, aliyeuawa mwaka 1864 katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani. Dawa ya kuhifadhi maiti na jeneza la chuma viliuweka na nyama yake kwa miaka 113. Baada ya hapo Bass alianzisha kituo cha kuchunguza namna miili inavyooza katika Chuo Kikuu cha Tennessee.

Panapokuwa na shaka kubwa, pima kaboni 14, aina ya kaboni yenye mnururisho iliyomo katika kila kiumbe hai. Majaribio ya mabomu ya nyuklia ya miaka ya 1950 na mwanzoni mwa 1960 yaliongeza sana kaboni hiyo hewani, ikafika kilele karibu mwaka 1963. Mtu ambaye tishu zake zina kiwango hicho cha juu aliishi baada ya majaribio kuanza.

Kazi ya eneo la tukio

Zungushia utepe eneo kubwa kuliko unavyodhani linahitajika, weka njia moja ya kuingilia na kutokea, kisha piga picha kila kitu kikiwa mahali pake pamoja na kipimo na mshale wa kaskazini. Panga watafutaji kwa mstari, bega kwa bega, kila mmoja akiwa na bendera ndogo. Kinachoonekana kinawekewa bendera, hakiokotwi. Mstari ukimaliza kwenda, urudi kwa kukatisha eneo upande mwingine.

Mifupa iliyokaa juu ya ardhi husambaa. Fuvu na mikono huachana na mwili mapema, fuvu hubingirika kufuata mteremko, na mbwa au fisi hubeba miguu na mikono. Tafuta chini ya mteremko, kwenye vichaka, mashimo ya wanyama na vijia wanavyopita. Ukipata sehemu yenye udongo mweusi wenye mafuta, hapo ndipo mwili ulipoozea: chekecha udongo wote wa hapo hata kama hakuna mfupa unaoonekana.

Kaburi la siri hujulikana kwa udongo uliochanganyika rangi, mbonyeo wa ardhi, na mimea iliyo tofauti na ya jirani. Parua tabaka la juu taratibu kwa mwiko hadi mpaka wa shimo uonekane, kisha chimba ndani ya mpaka huo bila kubomoa kuta, kwa kuwa kuta zinaweza kubaki na alama za jembe au sepetu iliyotumika. Weka gridi ya mita 1 kwa mita 1, na sehemu moja isiyohamishika ya kupimia vina vyote. Shuka kwa tabaka za sentimita 5 hadi 10. Ukikaribia mfupa, weka chuma pembeni na tumia vijiti vya mbao au mianzi na brashi laini. Mkwaruzo mpya wa mwiko ni aibu ukiuona maabara, na ni hatari zaidi mahakamani.

Fichua mifupa yote kwanza, ikae juu ya udongo kama ilivyolala. Piga picha, chora, pima. Hapo ndipo uanze kuinua. Mambo haya yaingie mkononi yawe mazoea:

- Chekeche mbili, ya tundu za milimita 6 na ya milimita 3. Udongo wa shingoni, kifuani, kwenye viganja na nyayo upite ile ndogo. Humo ndimo mfupa wa hioidi (mfupa mdogo wa kooni), meno ya mzizi mmoja, kucha na risasi vinakopatikana.
- Mkono wa kulia na wa kushoto kila mmoja mfuko wake, vilevile miguu. Kutenganisha mifupa midogo ya vidole iliyochanganyika kunachukua saa nyingi na wakati mwingine hakuwezekani.
- Kiatu hakivuliwi uwanjani. Kipelekwe maabara na mguu uliomo.
- Fuvu linyanyuliwe kwa mikono miwili kutoka chini, kamwe si kwa kuingiza vidole kwenye matundu ya macho. Mifupa ya humo ni myembamba kama karatasi.
- Udongo wa eneo la nyonga ukaguliwe kwa makini kama kuna uwezekano wa mwanamke mjamzito. Mifupa ya kijusi hupita machoni pa wasioitarajia ikidhaniwa kuwa vijiti.
- Kusanya maganda ya mabuu ya nzi, na sampuli ya udongo wa chini ya kiwiliwili na nyingine ya nje ya kaburi kwa kulinganisha.

Fungasha kwa karatasi, si plastiki. Plastiki hufungia unyevu, ukungu huota, na DNA huharibika. Kila mfuko uwe na lebo mbili, moja ndani na moja nje, na fomu ya kukabidhiana vielelezo isainiwe hapohapo kabla gari halijaondoka.

Maabara: kabla ya maji

Piga eksirei mifuko ikiwa bado imefungwa. Risasi, ncha ya kisu iliyovunjikia ndani ya mfupa, na vyuma vya upasuaji huonekana hivyo. Kisha toa sampuli ya DNA ukiwa umevaa glavu na barakoa, na kifaa kikiwa kimesafishwa. Sehemu bora ni mfupa mgumu unaozunguka sikio la ndani, magego yasiyotoboka, na katikati ya mfupa wa paja. Kabla hujakata, pima na piga picha; usikate mahali penye jeraha wala mahali utakapohitaji kwa kukadiria umri.

Osha kwa maji ya uvuguvugu na mswaki laini juu ya chujio, usilowanishe kwa muda mrefu. Dawa za kung'arisha nguo hazitumiki kabisa: huendelea kuula mfupa hata baada ya kusuuza na huharibu DNA. Penye nyama iliyobaki, tumia maji ya moto yasiyochemka yenye sabuni kidogo, na uyakague mara kwa mara. Mifupa iliyoungua, ya watoto wachanga, au iliyolainika isioshwe. Isafishwe kwa brashi kavu. Kausha kivulini kwenye trei za wavu. Jua hupasua mfupa, na meno ndiyo huanza kupasuka.

Kupanga na kuhesabu

Tandika mifupa mezani kama mtu aliyelala chali. Mtu mzima ana mifupa 206, na 106 kati ya hiyo ni ya mikono na miguu kuanzia vifundo hadi vidole: 27 kwa kila mkono, 26 kwa kila mguu. Jaza fomu ya orodha mfupa kwa mfupa, ukitaja upande, ukamilifu na hali yake.

Idadi ndogo kabisa ya watu hupatikana kwa mfupa unaojirudia: mifupa mitatu ya paja la kushoto ni watu watatu angalau. Angalia pia tofauti za umri na ukubwa. Paja la kushoto la mtu mzima na la kulia la kijana haviwezi kuwa mtu mmoja hata kama hakuna kilichojirudia. Kumbuka kwamba hiyo ni idadi ndogo inayowezekana, si idadi ya waliokufa. Baada ya mauaji ya Srebrenica, Bosnia, mwaka 1995, wauaji walifukua makaburi kwa mashine na kuhamisha miili, hata mabaki ya mtu mmoja yakapatikana kwenye makaburi zaidi ya moja. Kule DNA ndiyo iliyounganisha vipande.

Jinsia

Anza na nyonga. Mbinu aliyoichapisha mtafiti Phenice mwaka 1969 hutazama mambo matatu kwenye mfupa wa kinena: ukingo unaokatiza upande wa mbele, mbonyeo chini ya maungio ya kinena, na wembamba wa ukingo wa ndani wa tawi linaloshuka. Vyote vitatu vikiwapo, uwezekano wa mwanamke ni mkubwa sana. Ongeza upana wa pengo kubwa la nyuma ya nyonga, ambalo kwa wanawake kwa kawaida ni pana.

Fuvu ni la pili, tena kwa mbali. Hupewa alama 1 (umbo la kike) hadi 5 (umbo la kiume) kwa sehemu tano: kisogo, kinundu cha nyuma ya sikio, ukingo wa juu wa tundu la jicho, kinundu cha katikati ya nyusi, na kidevu. Wanaume vijana wana fuvu laini, na wanawake wazee fuvu zao huweza kukomaa zikafanana na za kiume, basi anayetegemea fuvu pekee hukosea kwa makundi hayo mawili.

Kichwa cha mfupa wa paja husaidia nyonga ikiwa imevunjika. Kwa vipimo vya Stewart vilivyotokana na Wamarekani, kipenyo cha chini ya milimita 42.5 ni cha mwanamke na cha zaidi ya 47.5 ni cha mwanamume. Katikati ya hapo andika ukweli: haijulikani. Kwa jamii yenye watu wa maumbo madogo, mipaka hiyo itawafanya wanaume wengi waitwe wanawake. Mtoto asiyebalehe usimpe jinsia kwa umbo la mifupa, subiri DNA.

Umri

Kwa watoto fuata meno. Gego la kwanza la kudumu huota karibu na miaka 6, la pili karibu na 12, na hatua za kuundwa kwa taji na mizizi kwenye eksirei hutoa makadirio mazuri kuliko kuota kwenyewe, kwa kuwa lishe na maradhi huyumbisha kuota zaidi. Kwa vijana tazama kuungana kwa ncha za ukuaji: kiwiko hutangulia, bega na goti hufuata baadaye, na wasichana huwatangulia wavulana. Ncha ya mtulinga iliyo upande wa kidari ni ya mwisho, hukamilika kuelekea miaka 30. Ncha hiyo ikiwa wazi kabisa, usimwite marehemu mtu wa makamo.

Kwa watu wazima mfupa haukui tena, unachakaa, na uchakavu hautembei sawa kwa kila mtu. Mbinu inayotumika zaidi ni ya Suchey na Brooks, inayogawa uso wa maungio ya kinena katika hatua sita. Hatua ya kwanza kwa wanaume ina wastani wa miaka 18.5, na asilimia 95 ya watu wako kati ya 15 na 23. Hatua ya tatu ni 21 hadi 46. Hatua ya sita ni 34 hadi 86. Tazama tofauti hiyo: kadiri mtu anavyozeeka, ndivyo mfupa unavyosema kidogo. Anayeandika wastani wa 61 na kuacha mabano ya 34 na 86 amepotosha upelelezi.

Ongeza ncha ya mbele ya ubavu wa nne na uso wa nyonga unaogusana na sakramu (mfupa wa chini ya uti wa mgongo), kisha linganisha. Mbinu zikipingana, tafuta sababu kwanza: kazi nzito, ugonjwa wa maungio, kuzaa, au upande mmoja kuharibika. Mishono ya fuvu, yaani mistari ambapo mifupa yake huungana, iwe ya mwisho. Hufunga bila utaratibu wa kutegemewa, nasi huitumia tu pale ambapo hakuna kingine.

Kimo

Pima mfupa wa paja kwenye ubao wa kupimia mifupa, urefu wake mkubwa kabisa, mara mbili au tatu. Chukua mfupa wa sentimita 45.0. Kwa kanuni ya watafiti Trotter na Gleser ya mwaka 1952 kwa wanaume Wazungu wa Marekani: 2.38 × 45.0 + 61.41 = 168.5. Kwa kanuni yao ya wanaume Weusi wa Marekani: 2.11 × 45.0 + 70.35 = 165.3. Mfupa mmoja, tofauti ya sentimita 3 kwa sababu uwiano wa miguu na mwili hutofautiana kati ya jamii. Kanuni ya kwanza ina kosa la kawaida la sentimita 3.27, lizidishe mara mbili ili kufunika takriban asilimia 95, upate 162 hadi 175. Hiyo ndiyo namba ya kuandika.

Muundi una mtego wake. Data ya Trotter ya 1952 ilipimwa bila kifundo cha ndani cha mguu, ingawa maelezo yake yalisema kimejumuishwa. Jantz na wenzake walionyesha jambo hilo mwaka 1995. Ukipima kwa maelezo yale, marehemu atarefuka kwa karibu sentimita 2.5 hadi 3. Ukiwa na mifupa kamili, mbinu ya Fully ya kujumlisha fuvu, pingili za uti wa mgongo, paja, muundi na kisigino haihitaji kujua jamii ya mtu. Inachosha, lakini inastahili jasho lake.

Na kumbuka kwamba kimo kilichoandikwa kwenye kitambulisho mara nyingi ni cha kujitajia, na wanaume hujiongezea.

Majeraha

Gawa kwa wakati. Kabla ya kifo: kingo zimeviringika au kuna mfupa mpya, dalili za kwanza huhitaji siku kadhaa hadi wiki moja au mbili kuonekana. Karibu na kifo: kingo kali na laini, ufa wa mshazari, rangi ya kingo sawa na ya uso wa mfupa, wakati mwingine kipande kimepinda na kubaki kimeshikilia. Baada ya mfupa kukauka: kingo zenye chengachenga, mvunjiko wa pembe mraba, rangi ya ndani nyeupe kuliko nje. Neno "karibu na kifo" kwa mfupa lina maana kwamba ulikuwa bado mbichi tu. Unaweza kubaki mbichi wiki nyingi baada ya mtu kufa, kwa hiyo jeraha hilo halithibitishi lenyewe kwamba mtu alikuwa hai.

Risasi ikipita fuvu huacha tundu linalopanuka kuelekea ndani pale ilipoingia, na kuelekea nje pale ilipotokea. Nyufa hukoma zinapokutana na ufa uliotangulia, na hivyo unaweza kujua pigo lipi lilianza. Ukubwa wa tundu usiutumie kutaja aina ya bunduki.

Maumbile nayo hudanganya. Watu wengine wana tundu la kuzaliwa katikati ya kidari, lenye kingo laini, ambalo limewahi kudhaniwa ni la risasi. Pembe za mfupa wa hioidi kwa watu wazima wengi hazijaungana na kiwiliwili chake, na asiyejua huandika "alinyongwa". Meno ya panya huacha mifereji miwili miwili sambamba; ya mbwa huacha mabonyeo na kutafuna ncha laini. Moto hubadilisha rangi kutoka kahawia, nyeusi, kijivu hadi nyeupe, na hupasua mfupa kwa namna inayofanana na pigo.

Kutambua jina na kuandika ripoti

Jinsia, umri na kimo hupunguza orodha tu. Jina hupatikana kwa meno, kwa umbo la uwazi ulio ndani ya mfupa wa paji la uso kwenye eksirei ya zamani, kwa namba ya chuma cha upasuaji, au kwa DNA ya ndugu. Kulinganisha fuvu na picha kunafaa zaidi kukataa kuliko kuthibitisha. Mabaki ya Josef Mengele, daktari wa Kinazi wa kambi ya Auschwitz, yaliyofukuliwa Brazil mwaka 1985 yalichunguzwa kwa mifupa na kwa picha na wataalamu akiwamo Clyde Snow, na bado DNA ilihitajika mwaka 1992 ili mabishano yaishe.

Ripoti iseme kilichopokelewa, nani alikileta, kilichokosekana, mbinu iliyotumika kwa kila kadirio na mipaka yake. Eleza majeraha: mahali, umbo, wakati, aina ya nguvu. Sababu ya kifo ni ya daktari wa patholojia kuitamka. Tenganisha ulichokiona na unachokifikiri, kila kimoja aya yake.

Mifupa inaporudishwa kwa familia, andaa orodha ya kila kinachokabidhiwa na kila kipande kilichobaki maabara, pamoja na sababu ya kubaki na tarehe ambayo kitarudishwa. Waulize kabla: wapo wanaotaka kuzika mara moja hata kama mfupa haujakamilika, na wapo wanaotaka kusubiri mpaka wote upatikane. Jibu lao liandikwe kwenye fomu na kusainiwa, kwa kuwa miezi kadhaa baadaye kipande kingine kinaweza kutoka kwenye chekeche, na aliyeko zamu siku hiyo atahitaji kujua ampigie nani simu.